Sumu Isiyooza: Vizuizi vya Taka Hatari na Swali la Pepa

Maji ya Pepa hayakai Pepa. Mji huu mdogo wa Kongo uko kwenye nyanda za juu za Marungu, kusini mwa Moba na mbali kusini mwa Kalemie, katika milima inayopanda hadi zaidi ya mita 2,000 juu ya usawa wa bahari. Mvua ya huko hufika kama milimita 1,200 kwa mwaka, karibu yote ikinyesha kati ya Oktoba na Aprili, kisha kiangazi kinaingia na kuikausha ardhi kwa miezi. Mto Mulobozi umezikata nyanda hizi na kwenda kumwaga katika Ziwa Tanganyika, kaskazini kidogo ya Moba. Kinachooshwa na mvua kutoka Marungu hushukia ama Ziwa Tanganyika ama mabonde ya magharibi yanayolisha mto Lualaba.

Ziwa lenyewe lina kina cha mita 1,470 pale palipo chini kabisa, na lina mlango mmoja tu wa kutokea, mto Lukuga, pale Kalemie. Mpelelezi Stanley alipofika mwaka 1876 aliukuta mlango huo umezibwa na mchanga na matete. Ulifunguka miaka michache baadaye. Hata ukiwa wazi, Lukuga hutoa kidogo. Maji mengi yanayoondoka ziwani huondoka kwa kuvukizwa na jua, na madini yaliyoyeyuka humo hayapandi na mvuke. Lukuga peke yake ingehitaji maelfu ya miaka kulitoa maji yote. Sumu isiyooza ikishaingia humo hakuna tena mahali pa kuikimbiza, wala hakuna mtambo wa kuitoa. Kwa hiyo mjadala wote wa kuzuia taka hatari, kwa watu wa jimbo la Tanganyika, unaanzia juu mlimani, kabla tone halijashuka.

Ukimtajia mtu wa Lubumbashi taka hatari, atawaza bomba refu la moshi la kampuni ya madini ya Gécamines na mlima mweusi wa mabaki ya tanuru ulio karibu nalo, uliokusanyika tangu shaba ya kwanza ilipoyeyushwa hapo mwaka 1911. Pepa haina mlima wa namna hiyo. Pepa ina ng'ombe. Ubaridi na majani ya Marungu viliwavuta wafugaji wa enzi ya Ubelgiji, wakaanzisha ranchi kubwa, na ufugaji ndio uliolipa eneo hili jina. Lakini popote palipofugwa ng'ombe kwa wingi katika kusini na mashariki mwa Afrika, kupe walifuata, na pamoja nao ndigana kali. Dawa yake ilikuwa josho.

Josho ni shimo refu la saruji. Ng'ombe anatumbukia upande mmoja, anaogelea, anapanda ngazi upande wa pili, kisha anasimamishwa kwenye uwanja wa kuchuruzia ili dawa irudi shimoni. Kuanzia mwisho wa karne ya 19 hadi miaka ya 1940, dawa iliyotawala majosho ya Afrika Kusini, Australia na Marekani ilikuwa aseniki. Kupe walipoizoea, zikaja DDT, lindeni na toksafeni, na hii ya mwisho ilitumika sana katika majosho ya Afrika Mashariki. DDT na toksafeni zimo katika orodha ya kwanza ya Mkataba wa Stockholm wa mwaka 2001, ule unaopambana na kemikali zinazodumu katika mazingira na kupanda kutoka majani hadi mnyama na kutoka mnyama hadi binadamu. Aseniki haimo katika orodha hiyo kwa sababu ni elementi. Kemikali ya kiwandani inaweza kuvunjika baada ya miongo kadhaa. Aseniki hubadilisha umbo tu.

Josho huzibuliwa kila baada ya muda. Tope la chini, lililochanganyika na kinyesi, manyoya na dawa, huchotwa na kumwagwa kando. Maji mabovu hufunguliwa yateremke bondeni. Ndiyo sababu udongo ulio mchafu zaidi katika eneo la josho la zamani huwa haumo shimoni. Uko mita chache pembeni, kwenye jalala la tope na kwenye uwanja wa kuchuruzia. Jimbo la New South Wales huko Australia limeorodhesha zaidi ya majosho 1,600 ya zamani, na mengi yamezungushiwa uzio, yamepimwa na kuandikwa kwenye hati za ardhi ili mtu asinunue kiwanja bila kujua. Orodha ya namna hiyo ndiyo kazi ya kwanza ambayo ranchi zote za zamani za eneo letu, Marungu ikiwemo, zinastahili kufanyiwa: lilikuwa wapi josho, lilitumika miaka gani, tope lake lilitupwa upande gani.

Tuchukue hesabu ndogo ili tuone ukubwa wa jambo. Josho la lita 15,000 lenye dawa ya aseniki kwa kiwango cha asilimia 0.16, ambacho kilikuwa cha kawaida, hubeba kilo 24 za oksidi ya aseniki, yaani kama kilo 18 za aseniki yenyewe. Shirika la Afya Duniani linataka maji ya kunywa yasizidi mikrogramu 10 za aseniki kwa lita. Kilo 18 hizo zinatosha kuzifikisha lita bilioni 1.8 kwenye kikomo hicho. Na hiyo ni dawa ya kujaza josho mara moja, wakati josho hujazwa tena na tena kwa miaka mingi. Sehemu kubwa ya aseniki hiyo hushikwa na udongo na haisafiri mbali, na hapo ndipo matumaini yote ya uhandisi yanapokaa: kuisaidia ardhi iendelee kuishika.

Mhandisi anayepewa eneo lililokwisha kuchafuliwa ana tatizo ambalo mjenzi wa jalala jipya hana. Jalala jipya hutandikwa kabla taka haijafika: udongo wa mfinyanzi ulioshindiliwa, juu yake turubai nene la plastiki, juu ya turubai mabomba ya kukusanya maji machafu. Sheria za Marekani kuhusu taka hatari zinadai chini ya turubai tabaka la mfinyanzi lenye unene wa karibu mita moja, linalopitisha maji kwa kasi isiyozidi sehemu moja ya bilioni ya mita kwa sekunde. Kwa mwaka hiyo ni kama sentimita 3 za maji, na kwa kuwa maji hupita kwenye vitundu vya udongo tu, ncha yake hutangulia mbele zaidi ya hapo. Hata kizuizi bora, basi, hupitisha. Anayesema amejenga kitu kisichovuja milele hajui anachokisema au anauza. Kazi ya kizuizi ni kuchelewesha na kupunguza, mpaka kinachotoka kiwe kidogo kiasi ambacho udongo na mto vinaweza kukimudu bila kumdhuru mtu.

Katika eneo la zamani, taka imelala moja kwa moja juu ya ardhi. Huwezi kuiwekea mkeka chini bila kuifukua yote, na kuifukua kuna hatari zake. Zinabaki njia za kuizunguka. Ya kwanza ni kifuniko. Ya pili ni ukuta wa chini ya ardhi: handaki jembamba linachimbwa kuizunguka taka huku likijazwa uji wa bentonaiti ili kuta zake zisianguke, kisha linajazwa mchanganyiko wa udongo na bentonaiti, au saruji na bentonaiti, hadi kwenye tabaka gumu la chini lisilopitisha maji. Ukuta usiofika kwenye tabaka hilo ni kazi bure, kwa sababu maji yatapita chini yake. Ya tatu ni kuvuta maji ya ardhini kwa pampu na kuyasafisha, jambo linalotaka umeme usiku na mchana. Siwezi kuipendekeza njia hiyo kwa mahali popote ambapo jenereta hutegemea mapipa ya dizeli yanayopandishwa mlimani kwa lori.

Ya nne inanivutia zaidi. Mwanzoni mwa miaka ya 1990, Robert Gillham na wenzake wa Chuo Kikuu cha Waterloo, Kanada, walijaza handaki lililokatiza njia ya maji ya ardhini kwa chembe za chuma na mchanga. Maji yaliachwa yapite kwa mteremko wake wenyewe, na viyeyusho vya viwandani vilivyokuwa ndani yake vikavunjika vilipogusana na chuma. Hakuna pampu, hakuna umeme. Baadaye ikaonekana kwamba kizuizi cha namna hiyo hufaa pia kwa kromi na aseniki, maana chuma kinaposhika kutu, ile kutu huinasa aseniki na kuishikilia. Hapa nyanda zetu zina bahati: udongo mwekundu wa nchi za joto umejaa oksidi hizohizo za chuma. Mhandisi mwenye busara atapima kwanza udongo mwekundu ulio karibu unashika kiasi gani kabla ya kuagiza chochote kutoka ng'ambo.

Kuna pia kuchanganya taka na saruji au chokaa ili igande. Kwa risasi na metali nyingine njia hii huweza kufaa. Kwa aseniki, chokaa peke yake ni mtego. Kampaundi inayozaliwa, ya kalsiamu na aseniki, huonekana ngumu na salama kwenye maabara, lakini hewa ukaa iliyomo angani na udongoni huishambulia polepole, na baada ya miaka aseniki huachiliwa. Chuma lazima kiwemo. Nalisisitiza hili kwa sababu chokaa na saruji ndivyo vitu ambavyo mkandarasi hukimbilia kwanza, na aliyelipa hawezi kuona kosa mpaka mkandarasi ameshaondoka.

Turudi kwenye kifuniko, kwa sababu kwa josho la zamani hicho ndicho kizuizi kitakachofanya kazi kubwa zaidi. Lengo lake ni rahisi kulieleza: mvua isipite kwenye taka, upepo usiinue vumbi, mkono wa mtoto na ulimi wa ng'ombe visifike. Katika vitabu vya nchi za baridi, kifuniko ni tabaka la mfinyanzi ulioshindiliwa na udongo wa majani juu yake. Ukikihamisha kama kilivyo hadi Marungu, kiangazi kitakuonyesha tofauti. Mfinyanzi uliokauka kwa miezi mitano hupasuka, na mvua kubwa za kwanza huingia moja kwa moja kwenye nyufa kabla hazijafunga. Mizizi na mchwa hufungua njia zaidi. Mfinyanzi hauna budi kufunikwa na udongo wa kutosha, tena mnene, ili unyevu wake usipotee, au ulazwe chini ya turubai. Mteremko uwe wa kuondoa maji bila kuyapa kasi ya kuchimba. Na kabla ya hayo yote, mfereji wa kukinga maji uchimbwe upande wa juu, ili maji ya mlimani yaizunguke taka bila kuigusa. Mfereji huo ni kizuizi cha bei nafuu kuliko vyote, na mara nyingi ndio unaosahauliwa.

Nimetaja mchwa, mizizi na mvua. Historia ya eneo letu inaonyesha mharibifu mwingine wa vizuizi, ambaye ni binadamu mwenye haja.

Mwezi Mei 2009, katika mgodi wa dhahabu wa North Mara, wilayani Tarime, Tanzania, maji yenye asidi yalivuja kutoka kwenye bwawa la mgodi hadi mto Tigithe. Wanavijiji walilalamika juu ya ngozi kuwasha na mifugo kufa. Jambo hilo likafika Bungeni. Maelezo ya kampuni, iliyokuwa chini ya Barrick, yalikuwa kwamba turubai la plastiki lililotandikwa bwawani lilikuwa limeibwa na kuharibiwa. Wengi waliyasikia maelezo hayo kama kisingizio. Mimi nayachukua kwa uzito, kisha naona yanamshtaki mhandisi zaidi ya mwizi. Turubai imara, pana, lisilopitisha maji, katika nchi ambayo familia inahangaika na paa linalovuja, ni mali. Anayelilaza mahali ambapo mkono unaweza kulifikia, bila kulifukia, bila mlinzi anayetoka kijiji hichohicho, na bila jirani kujua kwamba kilichozuiwa nalo ni asidi itakayoingia katika mto anaokunywa, amekiacha kizuizi chake nusu. Mei 2019 mamlaka ya mazingira ya Tanzania, NEMC, iliutoza mgodi huohuo faini ya shilingi bilioni 5.6 kwa sababu ya bwawa la tope sumu. Miaka kumi ilikuwa imepita, na maji yalikuwa bado ndiyo malalamiko.

Shinkolobwe, huko Katanga, mgodi uliotoa urani ya bomu la Hiroshima, mashimo yake yalizibwa kwa zege mwaka 1960. Zege halikuwazuia wachimbaji wadogo waliokuja baadaye kutafuta kobalti. Januari 2004 amri ya rais iliufunga mgodi. Julai mwaka huohuo sehemu yake iliporomoka na kuua watu. Kule Love Canal, jimbo la New York, kampuni ya Hooker ilizika karibu tani 21,000 za kemikali kwenye mfereji wa zamani kati ya 1942 na 1953, ikafunika kwa mfinyanzi, ikaiuzia bodi ya shule ardhi hiyo kwa dola moja. Wajenzi wa shule, mitaro na barabara wakautoboa mfinyanzi. Mwaka 1978 rais Carter alilazimika kutangaza hali ya dharura. Wamarekani hao hawakuwa maskini wa kuiba turubai. Hawakujua tu, au waliojua hawakuwaambia wengine kwa sauti ya kutosha.

Ndiyo maana nashikilia kwamba mlinzi, hati na jirani aliyefahamishwa ni sehemu za kizuizi kwa maana ileile ambayo mfinyanzi ni sehemu yake, na vinastahili kuandikwa kwenye michoro na kwenye bajeti. Mtu akiniambia kizuizi kimejengwa, nitamuuliza nani anafyeka miti inayoota juu yake, nani anazibua mfereji kabla ya mvua za Oktoba, na nani anamlipa. Huko Yellowknife, Kanada, mgodi wa dhahabu wa Giant uliacha tani 237,000 za vumbi la oksidi ya aseniki katika vyumba vya chini ya ardhi. Serikali iliamua kuugandisha mwamba unaoizunguka na kuulinda bila kikomo cha muda. Mwaka 2022 gharama ya mradi ilikadiriwa kuwa zaidi ya dola bilioni 4 za Kanada. Nchi tajiri imekiri kwamba aseniki haina siku ya kuhitimu.

Sasa tumrudishe mlinzi huyo Marungu. Mwaka 2000, wakati wa vita vya Kongo, Pepa ilikuwa uwanja wa mapigano, majeshi yakipokonyana mji huo kabla mji wa Pweto haujaanguka mwezi Desemba. Vita hufukuza watu, na anayekimbia hawezi kuzibua mfereji. Mpango wowote unaotegemea mtambo, ofisi au mshahara wa kila mwezi utakatika hali ya namna hiyo ikirudi. Kwa sababu hiyo, kwa Pepa, napendelea vizuizi vinavyoweza kuachwa miaka mitano bila kuharibika: kifuniko kinene kuliko hesabu inavyodai, mteremko mpole, majani ya asili yasiyo na mizizi mirefu, mawe makubwa yanayomchosha mtu mwenye jembe, na hakuna pampu hata moja. Kinene ni ghali siku ya kwanza. Chembamba hulipwa na kizazi kinachofuata.

Kuna njia nyingine ambayo watu huisahau, nayo ni kuiondoa taka badala ya kuizungushia ukuta. Kilembe, magharibi mwa Uganda, inafundisha pande zote mbili. Mgodi huo wa shaba, ulioanza uzalishaji mwaka 1956 na kufa mwaka 1982, uliacha Kasese lundo la pairiti yenye kobalti, zaidi ya tani milioni moja. Mvua na hewa ziligeuza pairiti kuwa asidi, asidi ikateremka kuelekea Ziwa George kupitia Hifadhi ya Malkia Elizabeth, na kila ilipopita majani yalikufa, ukabaki mkanda mtupu wa udongo wa manjano. Kuanzia mwaka 1999, kampuni ya Kasese Cobalt ilililisha lundo hilo kwa bakteria kwenye matangi, ikatoa kobalti na kuiuza, hadi 2013. Taka ilikuwa mali, na chanzo kikapungua kwa namna ambayo hakuna ukuta ungeweza. Lakini huko juu, bondeni mwa mto Nyamwamba, mabaki mengine ya mgodi yalibaki kandokando ya mto. Mei 2013 mto huo ulifurika kwa ghadhabu, na ukafurika tena mwaka 2020, ukibomoa kingo na kubeba mabaki hayo hadi kwenye makazi na mashamba. Bonde jembamba la mlimani si mahali pa kuhifadhi chochote kwa miaka mia. Marungu ina mabonde ya namna hiyo.

Lakini kuondoa nako hakumalizi kila kitu. Vikuge, karibu na Kibaha, Tanzania, shamba la serikali lilipokea mwaka 1986 karibu tani 170 za viuatilifu kutoka Ugiriki, sehemu yake ikiwa imekwisha muda. Banda lilianguka, sumu ikaingia ardhini. Mapipa yalikuja kuondolewa; utafiti uliochapishwa mwaka 2004 ulikuta udongo bado umechafuka vibaya kwa DDT na jamii yake. Walioyaondoa walichukua kilichoonekana. Shirika la FAO liliwahi kukadiria kwamba Afrika ina kama tani 50,000 za viuatilifu vilivyopitwa na muda, na katika hesabu hiyo udongo ulio chini ya mabanda ndio mgumu zaidi kuuhesabu.

Nani alipe? Owino Uhuru, kitongoji cha Mombasa, Kenya, kiliwekewa kiwanda cha kuyeyusha betri mwaka 2007, na risasi ikaingia kwenye damu ya watoto. Mwanaharakati Phyllis Omido alipigana, akapata tuzo ya mazingira ya Goldman mwaka 2015. Julai 2020 Mahakama ya Mazingira na Ardhi iliwapa wakazi shilingi bilioni 1.3, na kuamuru udongo usafishwe ndani ya miezi minne, la sivyo zilipwe milioni 700 zaidi kwa kazi hiyo. Rufaa ikaiangusha hukumu. Mahakama ya Juu ikairudisha Desemba 2024. Kati ya malalamiko ya kwanza na neno la mwisho ilipita zaidi ya miaka kumi, na watoto walikuwa wakikua muda wote huo. Mahakama ni muhimu, lakini huja nyuma ya sumu.

Kongo ina sheria. Kanuni ya Madini ya mwaka 2003, iliyorekebishwa mwaka 2018, inataka mgodi uweke dhamana ya fedha kwa ajili ya ukarabati wa mazingira, na uyagawe mabaki yake kwa kadiri ya hatari yake kabla ya kuamua yatandikiwe nini chini. Sheria ya mazingira ya Julai 2011 inaweka msingi wa jumla kwamba anayechafua hulipa. Hata hivyo, Novemba 2025 bwawa la mtambo wa kampuni ya CDM lilimwaga maji machafu katika mitaa ya Lubumbashi, na Waziri wa Madini Louis Watum Kabamba akausimamisha mtambo huo. Miezi tisa kabla yake, tarehe 18 Februari, ng'ambo ya mpaka huko Chambishi, Zambia, bwawa la Sino-Metals lilipasuka na asidi yake ikafika mto Kafue, na jiji la Kitwe likakatiwa maji. Dhamana ya fedha iliyoko kwenye karatasi haikuzuia tone hata moja. Tena sheria hizi za madini hazimtafuti mwenye josho la mwaka 1935 ambaye kampuni yake haipo tena. Hapo mdaiwa ni dola, au hakuna mdaiwa.

Kinachonifanya niandike sasa ni Manono. Mji huo uko katika jimbo hilihili la Tanganyika, na umeishi kwa miongo mingi kando ya vilima na mabwawa yaliyoachwa na uchimbaji wa bati. Sasa litiamu ya mwamba uleule inatakiwa na dunia nzima. Mwamba wa Manono hauna salfaidi nyingi kama wa Kilembe, kwa hiyo asidi inayojizalisha yenyewe huenda isiwe tatizo lake kubwa. Lakini litiamu ya aina hii husafishwa kwa kuchoma jiwe na kulitia asidi ya salfuri, na kila tani ya litiamu inayotoka huacha nyuma tani kadhaa za mabaki. Ikiwa usafishaji huo utafanyika hapa, kama wengi wanavyotaka ili kazi na kodi zibaki nyumbani, mkeka wa chini utapaswa kuwa tayari kabla ya jiwe la kwanza kuchomwa. Manono bado ina nafasi ambayo eneo la josho la zamani halina: kutandika kwanza.

Kwa Pepa na majirani zake mpango unaweza kuanza kwa kazi ndogo, na hauhitaji kumsubiri mfadhili. Wazee waliochunga kwenye ranchi wanajua shimo lilikuwa wapi. Waulizwe wakingali hai, na majibu yao yaandikwe pamoja na jina la kijito kilicho chini yake. Matofali na saruji ya josho la zamani yasichukuliwe kujengea, wala udongo wa kando yake usichimbwe kufyatulia matofali. Kila mahali palipotambuliwa pachukuliwe sampuli chache za udongo, za tope la kando, za uwanja wa kuchuruzia na za mteremko, zikapimwe Lubumbashi; watafiti wa Chuo Kikuu cha Lubumbashi ndio walioshiriki mwaka 2009 kuonyesha kobalti nyingi kwenye mkojo wa watu wa Katanga, na kazi ya kupima metali si ngeni kwao. Palipo na aseniki pazungushiwe uzio wa miiba mwaka huohuo, mfereji wa kukinga ukatwe upande wa juu, na kifuniko kifuate mara matokeo yatakapokuja. Visima vya kuchunguza viwe vitatu: kimoja juu ya taka ili kuonyesha maji yalivyokuwa kabla ya kuifikia, na viwili chini yake, kwenye njia ya kwenda mtoni. Vipimwe mara mbili kwa mwaka, mwisho wa kiangazi na mwisho wa mvua, na nakala ya matokeo ibaki kwa chifu na kwenye zahanati ya hapohapo, kwa Kiswahili, yakiwa na tarehe.